Mume Anataka Nirudi Jioni, Magofu Yako Engaruka

Shangazi,

Ninaishi Bariadi mjini, nauza vitenge sokoni, na mimi na baba watoto tuna shamba la pamba na dengu kule Itilima. Ni mweka hazina wa kikoba chetu cha akina mama kumi na wanane. Mwaka huu tulipovunja kikoba tulikubaliana kwamba badala ya kila mtu kukimbilia masufuria kama kawaida yetu, tutenge kidogo twende kutembea. Mwenzetu mmoja ni mwalimu wa Historia. Alituonyesha kwenye simu picha za Machu Picchu ya Peru, halafu akasema hata Tanzania tuna mji wa mawe wa watu wa kale, uko Engaruka, wilaya ya Monduli. Tangu siku hiyo ukiwatajia wenzangu safari nyingine wanakucheka.

Amepatikana kijana wa kutupeleka kwa bei ya chini sana. Anasema tunaondoka Bariadi alfajiri, tunakatiza Serengeti tukiona simba, tunafika Engaruka tunatembezwa na mwongozaji, na usiku tuko majumbani kwetu. Nimeshamtumia kishika nafasi kwenye namba yake ya simu.

Shida ni baba watoto. Ameniruhusu kwa sharti moja, nirudi siku hiyo hiyo. Anasema mke wa mtu halali gesti eti kwa sababu ya kutazama mawe. Sasa jirani yetu ambaye ni dereva ameniambia kwenda na kurudi kwa siku moja haiwezekani, tutalala njiani tupende tusipende. Nimefikiria ikifika jioni nimpigie baba watoto nimwambie gari limeharibika. Wenzangu wameipenda hiyo, maana wengi wana sharti kama langu. Shangazi, nitakuwa nimekosea? Na ile hela ndiyo imekwenda?

Mama Kulwa, Bariadi

Mama Kulwa, nianze na jirani yako dereva, maana katika barua yako yote ndiye peke yake aliyesema kweli bila kutegemea kupata chochote.

Hebu tupite hiyo njia pamoja. Mtoke Bariadi mteremke Lamadi, muingie Serengeti kwa geti la Ndabaka. Kutoka hapo hadi Seronera ni zaidi ya kilometa 130 za vumbi, na ndani ya hifadhi mwendo unaoruhusiwa hauzidi kilometa 50 kwa saa. Mkitoka Seronera kuna Naabi, kisha nyanda za Ngorongoro, kisha kupanda hadi ukingo wa kreta na kushuka geti la Loduare. Karatu hiyo, Mto wa Mbu hiyo, halafu mnakunja kaskazini kwa njia ya Selela hadi Engaruka. Ni zaidi ya kilometa 400 kwenda tu. Simba wenu bado hamjasimama kuwatazama, na akina mama kumi na wanane bado hawajaomba kuchimba dawa. Mageti ya hifadhi yanafungwa jioni, kwa hiyo hata mkipaa hadi Engaruka, kurudi kwa njia hiyo usiku hakupo.

Na gharama je? Kukatiza huko ni kulipa mara mbili, Serengeti kwa TANAPA na Ngorongoro kwa mamlaka yake, kila mtu na gari juu. Mtanzania analipa kwa shilingi, tena kidogo sana ukilinganisha na mgeni wa nje, lakini zidisha mara kumi na nane, halafu mara mbili kwa sababu mnarudi kwa njia ile ile. Huyo kijana aliyewapa bei ya chini kabisa ama hajapiga hesabu hiyo, ama ameipiga na anangoja kuwaambia mkiwa getini.

Mwalimu wenu amewatajia Machu Picchu, basi tumalizie habari zake. Watu wanaofika pale kutoka mji wa Cusco kwa siku moja wanaamka saa tisa au kumi usiku na kupanda treni, na treni hiyo ni ghali. Wenye mfuko mwepesi wanapanda gari dogo hadi mahali paitwapo Hidroeléctrica, wanatembea kwa miguu kando ya reli hadi kwenye mji ulio chini ya mlima, wanalala, na asubuhi ndipo wanapanda kwenye magofu. Mtalii wa bei rahisi huko Peru halipi kwa noti, analipa kwa usiku mmoja wa kulala. Kwenu Engaruka ni hivyo hivyo, na usiku huo ndio mume wako ameukataa.

Kwa hiyo sharti la baba Kulwa na ahadi ya yule kijana vimekutana mahali pamoja. Mume anataka siku moja, kijana anauza siku moja. Hakuna aliyeiuliza barabara.

Sasa hilo la gari kuharibika. Mwanangu, akina mama kumi na wanane, waume kumi na wanane, Bariadi ile ile, soko lile lile. Nani kati yenu ataitunza hadithi hiyo hadi Ijumaa? Mmoja atasema gari liliharibika Naabi, mwingine atasema Karatu, wa tatu mtoto wake ataonyesha picha mko hotelini mnacheka. Na wewe ndiye mweka hazina. Mume akijua kwamba mke wake alipanga uongo na wenzake, hatauliza tena habari za gesti, atauliza na vitabu vya kikoba. Usifanye hivyo. Sikulaumu kwa kuwaza, ukibanwa akili hukimbilia njia ya mkato, lakini hii inakuharibia zaidi ya safari.

Zungumza na mume wako, ila usiende na neno la kutembea. Kwa mwanaume anayelima pamba kwa kutegemea mvua, kutembea kutazama mawe kweli ni kupoteza hela, hata mimi ningekataa. Mwambie ni nini kilichoko kule.

Mwambie kwamba tangu karne ya 15 hivi hadi ya 18, watu walikaa chini ya ukuta wa Bonde la Ufa mahali penye mvua haba kama Meatu, na walikula mtama walioulima wenyewe. Walichepusha maji ya mito inayoshuka kutoka nyanda za juu, wakayapitisha kwenye mifereji ya mawe hadi kwenye mashamba yanayokadiriwa hekta 2,000. Vijiji vyao saba walivijenga mlimani kwa kuchonga mteremko na kuukinga kwa kuta za mawe makavu, bila chokaa wala saruji, kila nyumba na kibaraza chake, ili ardhi ya chini yenye rutuba isiguswe na mtu kujenga. Ng'ombe waliwafuga ndani ya mazizi ya mawe, na samadi ikaenda shambani. Wataalamu waliochimba baadaye waligundua jambo ambalo mimi ndilo linalonifurahisha kuliko yote. Baadhi ya mashamba yale hayakuwa na udongo wa kutosha. Walipanga mawe kukinga maji yaliyobeba tope, maji yakapungua kasi, tope likatua, wakaongeza safu nyingine ya mawe juu yake, na hivyo wakatengeneza shamba pale palipokuwa na kokoto. Mwulize baba Kulwa, makorongo yanayokula mashamba ya Itilima kila masika yanabeba udongo kuupeleka wapi?

Wakati huo huo wa karne ya 15, Wainka walikuwa wanajenga matuta yao Machu Picchu. Wote walifanya kazi ileile ya mawe na maji, na hakuna aliyesikia habari za mwenzake. Tofauti ni kwamba Peru watu wanapanga foleni kwa tiketi yenye saa ya kuingia, na Engaruka Watanzania wengi wanaijua kwa mradi wa magadi soda tu.

Wajenzi walikuwa nani? Wapo wanaowahusisha na Wasonjo, ambao mpaka leo ni mafundi wa mifereji, na wapo wanaowahusisha na Wairaqw. Waliondoka kwa nini? Maji ya mito kupungua na ardhi kuchoka hutajwa sana. Mjerumani Fischer alipita na kuyaandika magofu hayo mwaka 1883, Louis Leakey akaja kuchimba mwaka 1935 na kukisia kwamba palikaa watu zaidi ya 30,000. Waliomfuata waliona amezidisha mno.

Lakini niwaonye mapema msije mkarudi mmenuna. Engaruka haina jengo refu la kupigia picha. Ukiingia bila mtu wa kukuelekeza utaona mawe, miiba, mawe tena, na jua la kichwani. Mwongozaji ndiye safari yenyewe. Mchukueni wa pale pale kijijini Engaruka Juu, kijana wa Kimaasai aliyechunga mbuzi juu ya kuta hizo tangu utotoni. Atawasimamisha mahali ambapo mngepita tu na kuwaonyesha mfereji ulivyoshikilia usawa wake kwenye ubavu wa mlima. Nendeni asubuhi, viatu vya kufunika vidole, maji ya kutosha.

Njia yangu ni hii. Sahauni Serengeti safari hii. Kodini Kosta, au pandeni basi la Arusha linalozunguka kwa Shinyanga, Singida na Babati, mshuke Makuyuni, mpate gari za Karatu hadi Mto wa Mbu. Hakuna ada ya hifadhi hata moja. Mto wa Mbu vyumba vya bei nafuu vipo vingi, laleni wawili wawili. Kesho yake alfajiri kodini gari la kwenda Engaruka na kurudi, hiyo ndiyo siku yenu moja ya kutembezwa. Mlale tena, mle ndizi nyekundu za pale, siku ya tatu mrudi. Ni usiku mbili, nami nazitaja waziwazi kwa sababu ndizo unazokwenda kuziombea ruhusa.

Ombeni kama kikundi, si kila mmoja na mume wake chumbani. Waiteni waume jioni moja, mwalimu aeleze, wewe usome hesabu kama unavyosoma hesabu za kikoba, muwaachie jina la gesti, namba ya dereva na ya mwongozaji. Mume anayeogopa gesti mara nyingi anaogopa maneno ya watu, na maneno hupungua wanaume wote wakiwa wameambiwa kitu kimoja mbele ya wenzao. Akisema anataka kuja naye, mkaribishe kwa moyo mmoja. Ukimweleza habari za kupanda mlima juani pengine atakumbuka ana kikao.

Akikataa kabisa? Basi kwa mwaka huu amekataa, na wenye ruhusa waende bila wewe. Ila safari ya siku moja ya kweli ipo, na hapo hakuna wa kukuzuia: Bujora, pale Kisesa, magari ya Bariadi–Mwanza yanayopita Magu yanakushusha. Makumbusho ya Wasukuma, yaliyoanzishwa na padri kutoka Kanada, David Clement, yana nyumba iliyojengwa kwa umbo la kiti cha mtemi, ngoma za watemi, na habari za makundi ya Bagika na Bagalu yaliyokuwa yakishindana kwa ngoma na dawa. Si magofu, najua. Lakini utatembezwa na mtu anayejua anachosema, na jioni uko Bariadi unapika. Mkienda wakati wa sikukuu ya Bulabo, mwezi Juni, mtayakuta mashindano yenyewe.

Kuhusu kishika nafasi. Mpigie huyo kijana leo, si kesho, mbele ya katibu na mwenyekiti. Mwulize mambo mawili tu: leseni yake ya biashara ya utalii iko wapi, na malipo ya Serengeti na Ngorongoro atayalipia kwa control number ipi. Anayefanya kazi hii kihalali hujibu yote bila kukohoa. Akianza kusema usijali mama, hayo niachie mimi, mwombe hela irudi kwa namba ile ile iliyotoka na uweke ujumbe wake wa simu. Hela ikirudi nusu, waambie wenzako ni nusu, kabla hawajauliza. Na kuanzia sasa hela ya kikundi isitumwe kwenye namba ya mtu bila saini tatu, hata kama mtu mwenyewe ni mtoto wa dada yako.

Mwisho, kila mama abebe kitambulisho cha NIDA, na mwalimu abebe daftari.