Shamba Limevamiwa? Usianze na Panga

Umefika shambani Mau Narok asubuhi, na trekta ya mtu mwingine inapindua viazi vyako. Weka panga chini. Usipige simu kuita vijana pia.

Kifungu cha 90 cha Kanuni ya Adhabu kinamwadhibu anayeingia kwenye ardhi kwa nguvu ili aishike: kwa kupiga, kwa vitisho, kwa kuvunja nyumba, au kwa kukusanya watu wengi kupita kawaida. Kwamba una haki ya kuingia si utetezi. Unaweza kuwa na title mfukoni na bado ukalala ndani.

Badala yake, piga picha. Namba ya trekta, ua uliokatwa, mimea iliyong'olewa. Ukihisi hatari, piga ukiwa mbali.

Nenda polisi siku hiyo hiyo, na usitoke kituoni bila OB namba, yaani namba ya ripoti yako katika daftari la matukio. Eleza kilichotendeka: nani aliingia, saa ngapi, alishika nini, alitamka nini. Ukianza na jinsi babu alivyonunua shamba, utaambiwa hiyo ni kesi ya civil, urudi nyumbani. Wakikwambia hivyo hata baada ya kueleza fujo, taja kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai, Sura ya 75. Kesi ya ardhi kuwa kortini haizuii ile ya jinai.

Kabla hujalima upya, mwite afisa wa kilimo wa wadi aandike hasara: ekari ngapi, mimea gani, ilifika umri gani. Bila karatasi hiyo, kesi ya uharibifu wa mali huyumba.

Sasa kusanya ushahidi kwamba shamba lilikuwa mikononi mwako. Risiti za mbegu na mbolea, daftari la vibarua, majirani mnaopakana. Kama umekodi kwa msimu, mkataba wako ni dhahabu, kwa sababu title ya mwenye shamba haisemi ni nani aliyepanda ngano. Korti ya jinai haigawi mashamba. Hakimu anachouliza ni nani alikuwa akilitumia kwa amani na nani alileta vurugu.

Vitisho vikiendelea, usingoje mtu aumizwe. Mwombe hakimu atumie kifungu cha 43 cha Sura ya 75. Utahojiwa chini ya kiapo, kisha anayekutisha anaweza kuitwa aeleze kwa nini asiwekewe bondi ya kudumisha amani kwa muda usiozidi mwaka 1. Binafsi naiona hii kuwa silaha inayosahaulika mno. Upande huu wa Rift Valley, ugomvi wa majirani wawili hugeuka upesi kuwa wa jamii mbili. Molo iliyaona hayo 1992, na tena 2008.

Umiliki wenyewe upeleke Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Nakuru, au kwa hakimu aliyepewa mamlaka ya kesi za ardhi. Omba amri ya muda ya kuzuia uvamizi. Ikitolewa kabla mpinzani hajasikizwa, hutolewa kwa muda usiozidi siku 14, na una siku 3 tu za kumfikishia amri pamoja na karatasi za kesi. Ukichelewa, inakufa yenyewe. Wengi hupoteza hapa, amri ikiwa imekunjwa vizuri mfukoni.

Mkigombania mpaka tu, anza kwa msajili wa ardhi. Korti itakurudisha huko.

Na kama ni wewe unayetaka kumwondoa mtu kwenye ardhi yako, mpe notisi ya maandishi ya angalau miezi 3. Hiyo ni Sheria ya Ardhi, kifungu cha 152E.

Lolote ufanyalo, usikae kimya. Mtu akilitumia shamba lako waziwazi kwa miaka 12 bila ruhusa yako, nawe hujachukua hatua, anaweza kwenda kortini kuomba liandikwe kwa jina lake.