Elimu Hata Uchina: Somo la Sanad Kati ya Magofu ya Gedi



Ndugu msomaji, kila muhula unapoanza hapa Kampala, kuna usemi mmoja unaorudi pamoja na wanafunzi wapya: ule unaotuhimiza tuitafute elimu hata ikiwa iko Uchina. Utauona kwenye ubao wa matangazo na kwenye fulana za makaribisho. Utausikia kwenye hotuba ya Ijumaa, na msemaji ataunasibisha kwa Mtume (s.a.w.) bila kusita. Katika somo hili tutaupima usemi huo kwa mizani ya wanazuoni wa hadithi. Kisha tutaitoa mizani hiyo darasani na kuipeleka Gedi, Malindi na Mambrui, katika pwani ya Kenya, ambako likizo iliyopita tulikwenda watu saba kutembea kwa miguu tukiongozwa na mwenyeji. Huko Uchina upo ukutani, na kila mtu ana hadithi yake juu yake.

Tuanze na sanad. Usemi huu umepokewa kwa njia ya Abu Atika, ambaye jina lake ni Tarif bin Salman, kutoka kwa Anas bin Malik (r.a.). Anas hana tatizo. Tatizo ni huyu aliye baada yake. Imam Bukhari alimwita munkar al-hadith, na aliyesoma istilahi za Bukhari anajua kwamba neno hilo kwake si jepesi: humwambii mtu hivyo kisha ukachukua riwaya yake. Al-Bayhaqi ameutaja usemi huu katika Shu'ab al-Iman na kueleza kwamba matini yake ni mashuhuri lakini sanad yake ni dhaifu. Ibn Hibban alikwenda mbali zaidi na kuuhukumu kuwa ni batili, hauna asili. Ibn al-Jawzi akauweka katika al-Mawdu'at, kitabu chake cha hadithi za kuzuliwa, na katika zama zetu al-Albani akafikia hukumu ile ile ya ubatili.

Kuna sehemu ya pili ambayo mara nyingi hubebwa pamoja na hiyo ya kwanza, inayosema kuwa kutafuta elimu ni faradhi kwa kila Muislamu. Hii ina hali yake peke yake. Imo katika Sunan Ibn Majah, njia zake ni nyingi, na al-Mizzi aliona kwamba wingi wa njia hizo unaipandisha hadi daraja ya hasan. Kwa hiyo faradhi imebaki palepale. Kilichoanguka ni Uchina.

Hapo mtu husema: "Lakini maana yake ni nzuri!" Naam, ni nzuri. Maneno mazuri duniani ni mengi, na Mtume (s.a.w.) hakuyasema yote. Onyo juu ya mwenye kumzulia yeye kwa makusudi limepokewa kwa njia nyingi mno hadi wanazuoni wakalihesabu kuwa mutawatir. Na sisi wa masomo ya Kiislamu tuna dhima kubwa zaidi, maana wenzetu wa uhandisi na udaktari wakisikia jambo kutoka kwetu hulichukua kama lilivyo.

Wala safari ya elimu haihitaji usemi huo ili ipate dalili. Aya ya 20 ya Suratul-Ankabut inatuamrisha tutembee katika ardhi na kutazama. Jabir bin Abdillah (r.a.) alisafiri mwendo wa mwezi mzima hadi Sham kumfuata Abdullah bin Unays kwa ajili ya hadithi moja tu, na Bukhari amelitaja hilo katika Sahihi yake. Hakuridhika kuipata kwa mtu wa tatu wakati mwenye kuisikia mwenyewe alikuwa hai. Sisi tulipanda basi Kampala, tukavuka mpaka Busia, tukapita Nairobi hadi Mombasa, kisha matatu hadi Gedi. Ukilinganisha na ngamia wa Jabir, hatuna la kulalamikia.

Gedi ni mji wa kale wa Waswahili uliomo ndani ya msitu, kilomita kama 15 kusini ya Malindi. Ulitangazwa kuwa mahali pa historia mwaka 1927, James Kirkman akauchimba kuanzia mwaka 1948, na mwaka 2024 UNESCO ikauingiza katika orodha ya urithi wa dunia. Una ukuta, kasri, visima, misikiti na nyumba za mawe zilizoshonana, na juu ya kuta hizo wanaruka kima wasiojali historia ya mtu. Mwongozaji wetu alikuwa mzee mpole wa Kigiriama. Kundi dogo lina faida yake hapa. Mkiwa saba, kila mmoja anasikia, anauliza, anarudi nyuma kutazama tena. Nimewaona watalii wanaoletwa kwa mabasi kwenye Msikiti wa Taifa pale Old Kampala: wanapandishwa ngazi za mnara, wanapiga picha, wanashuka, na yule wa mwisho kwenye mstari hakusikia hata neno moja.

Mzee alituanzisha kwenye kaburi lenye tarehe. Limeandikwa mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399 kwa kalenda ya Miladi. Hilo ndilo jiwe lililowasaidia wachimbaji kupanga umri wa vitu vingine. Kutoka hapo tukaingia kwenye nyumba ambazo wachimbaji walizipa majina kutokana na vilivyookotwa ndani yake: Nyumba ya Mkasi, Nyumba ya Kauri, na ile iliyotufanya tusimame, Nyumba ya Sarafu za Kichina. Sarafu hizo ndizo zile za duara zenye tundu la mraba katikati ili zitungwe kwenye uzi. Vipande vya bakuli za kaure vimepatikana kwa wingi katika mji huu, za kijani kibichi na za bluu na nyeupe.

Mwenzetu mmoja akafurahi sana. Akasema, "Kumbe Zheng He mwenyewe alitembea hapa! Muislamu mwenzetu!" Akatoa simu ili ajipige picha mlangoni.

Mzee akatabasamu. "Mwanangu, hapa wameokota bakuli na sarafu. Mtu hawakumwokota."

Nikamuuliza kwa adabu, "Mzee wangu, haya unayotueleza umeyapata kwa nani?"

"Mengine nimesoma. Mengine nilifundishwa na walionitangulia kazini. Na mengine nilikuwepo wakichimba, nikaona kwa macho yangu."

Ndugu zangu, huyo mzee hajasoma Mustalah al-Hadith, lakini alitupangia riwaya zake katika makundi matatu palepale, bila kuchanganya.

Sasa tuipime bakuli kama tunavyompima mpokezi. Bakuli ya kijani imetoka kwenye tanuri za Longquan, ya bluu na nyeupe Jingdezhen. Ikashuka bandarini, labda Quanzhou, ambayo Waarabu waliiita Zaytun na ambako Ibn Battuta alifika katika karne ya 14, baada ya kupita Mombasa na Kilwa mwaka 1331. Ikabebwa hadi pwani ya India, ikauzwa Kalikuti au Gujarati, ikapita Hormuz au Aden, kisha ikaletwa na jahazi kwa upepo wa kaskazi hadi kwetu. Katika kila kituo ilibadilisha mikono, na mingi ya mikono hiyo ilikuwa ya Waislamu. Kwa hiyo bakuli ni shahidi mkweli wa biashara. Ukimuuliza kama mwenye nyumba aliwahi kumwona Mchina, hana jibu, kwa sababu yeye amepokea kwa aliye kabla yake tu.

Malindi tuliliona kaburi la nguzo lililo kando ya Msikiti wa Juma. Kesho yake tukavuka mto Sabaki hadi Mambrui, ambako kuna kaburi la nguzo lililopambwa kwa bakuli za kaure za enzi ya Ming zilizopachikwa kwenye chokaa. Makaburi ya namna hii yapo sehemu nyingi za pwani, hadi Kunduchi karibu na Dar es Salaam. Mara nyingi utakuta mashimo ya duara tu, bakuli zimeshang'olewa. (Dada mmoja aliuliza kuhusu hadithi ya Jabir katika Sahih Muslim inayokataza kulitia kaburi chokaa na kujenga juu yake. Swali ni la haki. Kulisoma jengo si kulihalalisha, na wazee waliolijenga wamekwisha kufika kwa Mola wao.)

Mambrui pana ushahidi wenye nguvu zaidi. Mwaka 2010 wataalamu wa Kenya na Uchina waliokuwa wakichimba huko walipata sarafu ya mfalme Yongle wa Ming, aliyetawala mwanzoni mwa karne ya 15. Mwaka 2013 ikatangazwa nyingine kutoka kisiwa cha Manda, karibu na Lamu. Hata sarafu nayo hupita mfukoni hadi mfukoni. Lakini hapa kuna njia nyingine isiyotegemea udongo: kumbukumbu za Wachina wenyewe zinaitaja Malindi, na zinaeleza kuwa mwaka 1415 twiga kutoka Malindi alifikishwa kwa mfalme huyo. Njia mbili zisizojuana zikikutana kwenye jambo moja, jambo hilo hupata nguvu. Basi kwamba Malindi ilikuwa na uhusiano na utawala wa Ming, tunasema kwa kujiamini. Kwamba Zheng He alisimama kwenye mlango ule wa Gedi, hatuna sanad.

Na huyo Zheng He naye tumpokee kama alivyo. Alizaliwa Yunnan mwaka 1371 katika ukoo wa Kiislamu wa Ma, na baba yake na babu yake wote wawili waliitwa Haji. Alitekwa akiwa mtoto na jeshi la Ming, akahasiwa, akakulia katika utumishi wa kifalme, kisha akaongoza safari saba za baharini kati ya 1405 na 1433. Muislamu mwenzake Ma Huan alikuwa mkalimani katika baadhi ya safari hizo na ameandika juu ya Makka. Watu wetu hupenda kuishia hapo. Lakini jiwe lililopatikana Galle, Sri Lanka, lililoandikwa kwa Kichina, Kitamili na Kiajemi, linatoa heshima kwa Buddha, kwa mungu wa Kihindu na kwa Allah, kila mmoja katika lugha yake, na mwaka 1431 yeye na wenzake walisimamisha mawe ya kumshukuru mungu wa kike wa mabaharia. Siasa ya mfalme ilikuwa na sehemu gani katika hayo, na imani yake sehemu gani? Mimi naona si kazi yetu kumtangaza walii wala kumtoa katika dini. Moyo wake uko kwa Allah.

Tulimalizia Gedi kwenye Msikiti Mkuu, usio na paa. Mabishano yakazuka: tuvue viatu? Tuswali tahiyyatul-masjid? Katika madhehebu ya Shafi'i, ambayo ndiyo wengi wetu Uganda tunafuata, msikiti uliowekwa wakfu haupotezi hadhi yake kwa kubomoka. Kwa Wahanafi kuna hitilafu: Abu Yusuf anaona unabaki kuwa msikiti, na Muhammad bin al-Hasan anaona unaweza kurudi kwa aliyeuweka wakfu au warithi wake. Tulivua viatu. Wawili wakaswali rakaa mbili juu ya majani makavu, wengine tukaogopa siafu.

Kuna mahali pengine penye kuhitaji mizani hii, tena panawagusa watu wa mji wetu. Wafanyabiashara wa Kikuubo wanaokwenda Guangzhou kununua bidhaa hurudi na picha za msikiti wa kale wa Huaisheng na za kaburi linalosemwa kuwa ni la Sa'd bin Abi Waqqas (r.a.). Uislamu wa Guangzhou ni wa kale kweli, na Quanzhou nako kuna msikiti ambao maandishi yake yanasema ulijengwa mwaka 400 wa Hijria. Lakini wanahistoria wetu wanaeleza kuwa Sa'd alifia al-Aqiq, akabebwa hadi Madina na kuzikwa Baqi. Mjomba wako akikuonyesha picha hiyo, usimkatize mbele ya wageni. Msifu kwa kuutafuta msikiti katikati ya shughuli zake, kisha, mkiwa wawili, mweleze.

Kwa darasa la Jumatano, kila kundi lichague kauli moja inayosemwa juu ya Uislamu wa Uganda, kwa mfano ile ya Ahmed bin Ibrahim kumkabili Kabaka Suuna mwaka 1844, na lieleze imetufikia kwa nani na kwa nani. Wanaotaka kujiunga na safari ijayo wajiandikishe kwa amir wa taaluma. Nafasi ni saba tu. Kuvuka Busia kunatosha kitambulisho cha taifa. Beba maji, viatu vilivyofungwa, na dawa ya mbu.