Mshangao na Ukweli: Somo Kutoka kwa Mhariri wa Maajabu

Katika epistemolojia tunajiuliza: ni lini ushuhuda wa mtu mwingine unatosha kuwa msingi wa ujuzi wetu? Tuchukue mfano wa Raymond Palmer, Mmarekani aliyefanya kazi ya kuhariri majarida ya maajabu.

Palmer alizaliwa mwaka 1910 huko Milwaukee. Utotoni aligongwa na lori, akaumia vibaya uti wa mgongo, akabaki mfupi maisha yake yote. Mwaka 1938 alikabidhiwa uhariri wa Amazing Stories, jarida la hadithi za kubuni za kisayansi. Mwaka 1943 ilifika barua ya Richard Shaver, fundi wa kuchomelea vyuma. Shaver alidai kwamba viumbe waovu huishi chini ya ardhi na kuwatesa wanadamu kwa mitambo, na kwamba yeye husikia sauti. Palmer aliandika upya maelezo yake, akayatoa Machi 1945 kama jambo lenye ukweli ndani yake. Barua zikamiminika; baadhi ya wasomaji wakasema nao wamesikia sauti. Baadaye Palmer mwenyewe alieleza kwamba Shaver aliwahi kukaa miaka kadhaa katika hospitali ya wagonjwa wa akili.

Mwaka 1948 Palmer na Curtis Fuller walianzisha jarida la Fate. Toleo la kwanza lilibeba maelezo ya rubani Kenneth Arnold, aliyesema kuwa tarehe 24 Juni 1947 aliona vyombo tisa vikiruka karibu na Mlima Rainier.

Hapa tutofautishe mambo mawili: unyofu wa shahidi na ukweli wa jambo analolishuhudia. Shaver huenda hakudanganya, alisema alichokisikia. Lakini unyofu si uthibitisho.

Aristotle anafundisha kwamba falsafa huanza na mshangao, lakini haikomei hapo, hutafuta sababu. Mtakatifu Thoma wa Akwino anatoa mfano wa kupatwa kwa jua: asiyejua sababu hushangaa, mwanafalaki hashangai. Kosa la Palmer, basi, halikuwa kushangaa. Aliuza mshangao kabla ya kuutafutia sababu, na wa kwanza kuumia katika biashara hiyo ni shahidi mwenyewe. Mtu aliyehitaji msaada aligeuzwa kuwa hadithi ya kuuzia jarida.

Hili linatuhusu. Kesho tutajiwa na mtu anayesema anasikia sauti. Tukimcheka, tutakuwa tumemvunjia heshima. Tukimtangaza, tutakuwa tumemtumia. Tumsikilize hadi mwisho, tuulize kwa upole, na inapobidi tumsindikize kwa daktari.

Maswali ya kujadili
1. Je, kumwamini mtu ni sawa na kuamini kila asemalo?
2. Je, mhariri anawajibika kwa nani kwanza: msomaji au shahidi?