Kununua waya bila kupungukiwa: hesabu ya muzunguko wa shamba



Koperative ikitaka kuzungusha pepinyere na waya sababu ya mbuzi, kazi ya kwanza ni kupima. Watu wanapima, wanahesabu, wanatuma mutu soko, kisha siku ya kufunga waya inaishia mbele ya kufika kwenye muti wa mwisho. Wanaanza kusema muuzaji aliiba. Mara ingine ni kweli. Lakini mara nyingi shida iko katika kipimo chenyewe.

Tuchukue mufano. Munapima na kamba yenye fundo kila metre 5. Mukifika mwisho wa shamba, munaandika fundo lenye kuwa karibu zaidi. Munapata urefu 50, upana 25. Muzunguko: 50 + 25 ni 75, mara mbili ni metre 150. Rulo za metre 50 zikiwa sokoni, munanunua tatu, paka basi.

Sasa mujiulize: ile 50 ni 50 ya kweli? Kama urefu ni metre 52, fundo la karibu ni 50, na mutaandika 50. Kama ni 48, mutaandika tena 50. Kwa hiyo urefu wa kweli unaweza kuanzia 47,5 mupaka karibu 52,5. Kwa nini si 54? Sababu 54 iko karibu na fundo la 55, mungeandika 55. Upana vilevile: 22,5 mupaka karibu 27,5.

Njo hivi tunapata muzunguko mukubwa zaidi: 52,5 + 27,5 ni 80, mara mbili ni 160. Ukichukua udogo, 47,5 + 22,5 ni 70, mara mbili ni 140. Shamba ni moja, kipimo ni kimoja, lakini waya inaweza kupunguka metre 10. Na hiyo ni kwa laini moja. Kwa laini tatu za waya ya miiba ni metre 30. Tundu la metre 10, mbuzi hahitaji hata kulitafuta.

Kuna kosa lenye kurudia sana: mutu anahesabu 150, kisha anaongeza nusu ya fundo mara moja tu, anapata 152,5. Hapana. Shamba iko na pande ine, na kila upande unaweza kuficha metre 2 na nusu. Ine mara 2,5 ni 10. Miti pia inafuata: mukisimamisha muti kila metre 2, mutayarishe 80, si 75.

Dawa si kununua waya nyingi kila mara, makuta ya koperative haiokotwi. Mukiazima dekametre na kuandika kwa metre moja-moja, kila upande unaficha nusu metre tu, na pande zote ine zinaficha metre 2. Kupima tena asubuhi moja ni bei ndogo kuliko rulo ya ine.

Mufunge kamba pia toka kona mupaka kona ya kuvuka. Kama zile kamba mbili hazilingane, shamba si mustatili. Hapo mupime kila upande peke yake.

Muangalie zaidi mukikodi shamba kwa ari. Ile ile 50 kwa 25 inatoa metre kare 1250, ni ari 12 na nusu. Lakini kwa kweli inaweza kuwa chini kidogo ya ari 11, ao kupita 14. Hapo mwenye shamba na mulimaji wapime pamoja, na dekametre.

Zoezi la kundi: urefu 80, umepimwa kwa fundo za metre 10. Upana 36, umepimwa kwa metre moja-moja. Muzunguko mukubwa zaidi ni ngapi?

Jibu: urefu unafika 85, upana 36,5. Jumla 121,5, mara mbili ni metre 243. Mwenye kuandika 232 atapungukiwa mupaka metre 11, na 10 kati ya hizo zinatoka kwa ile kamba ya fundo za mbali.