Kamba wanaokuwa kama mpira

Swali: Dada, nimepanga chumba na jiko langu ni maikrowevu tu. Kila nikipika kamba wanatoka wagumu. Nakosea wapi?

Jibu: Mdogo wangu, unawaacha humo muda mrefu mno. Maikrowevu huchemsha maji yaliyo ndani ya nyama yenyewe, na kamba ana maji mengi. Dakika moja ya ziada inatosha kumharibu.

Wamenye, toa ule uzi mweusi wa mgongoni, uwafute wakauke. Wapange duara kwenye sahani, mikia ikielekea katikati, kwa sababu pembeni huiva kwanza. Tia chumvi, kitunguu saumu na vijiko 2 vya tui zito, kisha funika. Kwa robo kilo, weka nguvu ya kati dakika moja na nusu, wageuze, halafu ongeza nusu dakika nusu dakika huku ukiwatazama. Kamba aliyeiva hujikunja kidogo kama mundu, na ule ukijivu wa kioo hugeuka weupe wenye wekundu. Akijiviringa kabisa, umechelewa. Watoe, waache wamefunikwa dakika 2, ndipo ukamulie ndimu.

Pweza usimtie humo. Yeye anataka sufuria na subira.