Sultani Mwenye Vipawa: Jinsi Waandishi wa Kale Walivyowasifu Wafalme

Mtu akikaa Kilosa, au akiteremka hata Mikumi, hulisikia jina la Kilwa kama jina la nchi ya mbali, mji wa baharini uliokwisha zamani. Lakini pana kisa kimoja katika vitabu vya kale ambacho chamhusu mtu wa bara kuliko adhanivyo. Ni kisa cha sultani wa Kilwa aliyesifiwa mno kwa ukarimu wake, na cha waandishi waliomsifu. Mwenye kukisoma na azingatie lipi ni khabari na lipi ni pambo, kwani vitu hivi viwili vimeshonwa pamoja kwa uzi mmoja.

Kwanza yafaa kujua desturi yenyewe. Tangu zama za Bani Abbas, mfalme wa Kiislamu hakuwa akikosa katibu wa kuandika mambo yake. Katibu huyo alikuwa mtu wa elimu, mjuzi wa lugha na wa fikihi, naye alikula katika sahani ya mfalme. Katika sira yake mfalme hana budi awe mwadilifu, mkarimu, mpiganaji wa jihadi, mwenye kuwapenda maulamaa, na asiyejilimbikizia mali. Bahaud-Din ibn Shaddad alikuwa kadhi wa jeshi la Salahud-Din tangu mwaka 1188, naye aliandika kwamba sultani huyo alipokufa mwaka 1193 hazina yake haikuwa na kitu ila dirhamu 47 na dinari moja ya dhahabu. Ibn Shaddad alikuwako, na watu wengi humsadiki. Hata hivyo aliyaandika yale yaliyotakiwa yaandikwe juu ya mfalme mwema.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa Misri. Sultani Baybars, aliyetawala tangu 1260 hata 1277, alikuwa na katibu aitwaye Ibn Abd al-Zahir, aliyeandika sira yake naye yu hai, akimsomea. Katika sira hiyo ushindi juu ya Watatari pale Ain Jalut mwaka 1260 wafanywa kuwa kazi ya Baybars, na Sultani Qutuz, aliyekuwa amiri wa vita vile, akawekwa nyuma. Baybars alipokwisha kufa, jamaa wa katibu huyo, Shafi ibn Ali, aliiandika sira upya kwa ufupi, akasema kwamba mwenziwe alilazimika kumpendeza bwana wake. Kalamu ile ile ya diwani, ila mfalme sasa yu kaburini.

Sasa na turejee pwani yetu. Mwaka 1331 Ibn Battuta, msafiri wa Tanja, aliwasili Kilwa kwa jahazi. Sultani wakati huo alikuwa al-Hasan bin Sulaiman, wa ukoo wa Mahdali, aliyeitwa kwa lakabu Abul-Mawahib, yaani mwenye vipawa, kwa wingi wa kutoa kwake. Ibn Battuta asimulia kwamba sultani alikuwa akienda vitani katika nchi ya Zanji, akiteka nyara, kisha akitoa humusi, ile sehemu ya tano, na kuigawa kama ilivyoamriwa katika Sura ya al-Anfal. Fungu la jamaa za Mtume aliliweka katika hazina ya peke yake, na masharifu walikuwa wakija kutoka Iraki na Hijazi kupokea.

Kisha yaja khabari ya fakiri wa Yemen. Sultani alitoka msikitini siku ya Ijumaa, fakiri akamsimamisha njiani, akamwomba nguo alizovaa mwilini. Sultani akaingia katika nyumba ya khatibu, akavua, akavaa nyingine, akamwita fakiri azitwae. Watu wakashukuru sana. Mtoto wa sultani akazikomboa nguo zile kwa kumpa fakiri watumwa kumi. Na sultani aliposikia jinsi watu walivyosifu, akaamuru aongezewe watumwa kumi wengine na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Mwenye kusoma na asimame hapa kidogo. Mtu wa Mikumi, anayewaona tembo wakivuka uwanda wa Mkata, ajua pembe hutoka wapi, haziokotwi ufuoni. Na mtu wa Kilosa, ambaye mji wake uko katika bonde la Mukondokwa, ajua njia ile ya misafara iliyopita hapo katika karne ya 19, na ajua nani walioipita wakiwa na minyororo shingoni. Zama za Abul-Mawahib ni nyingine, na hakuna aliyeandika kwamba vita vyake vilifika huku juu. Lakini watu ishirini waliotolewa siku ile walikuwa na kwao, na kwao kulikuwa bara. Mwandishi amelitaja kila jambo: nguo, nyumba ya khatibu, siku ya Ijumaa, hesabu ya mizigo. Ameipima humusi kwa mizani ya sharia akaiona sawa. Majina ya wale ishirini hakuyauliza, wala jinsi walivyotekwa. Ukarimu wa mfalme wahesabiwa pale mali inapotoka mkononi mwake. Pale ilipoingia hapaulizwi.

Wala si kwamba Ibn Battuta alisema uongo. Yeye alikuwa mtu aliyeishi kwa vipawa vya wafalme, toka Kilwa hata Delhi, na kwa hiyo mfalme mwema machoni pake ni yule anayetoa. Tena kitabu chake hakikuandikwa Kilwa. Kilimalizika mwaka 1355, miaka 24 baadaye, katika mji wa Fas, kwa amri ya Sultani Abu Inan, naye Ibn Juzayy, katibu wa diwani, ndiye aliyekiweka katika maneno mazuri. Khabari ya sultani wa mbali aliyevua nguo zake kumpa mgeni, ikisomwa mbele ya sultani wa karibu, mwenye akili afahamu maana yake.

Ndipo akaja Daud, nduguye Abul-Mawahib. Yeye aelezwa kuwa kinyume cha ndugu yake kabisa: mwombaji akimjia humjibu kwamba mwenye kutoa amekufa na hakuacha cha kutolewa, na wageni walikaa miezi mingi wakipata kidogo, hata wakaacha kumwendea. Lakini Ibn Battuta alipoondoka Kilwa, al-Hasan alikuwa hai. Basi ubahili wa Daud hakuuona kwa macho. Aliusikia baadaye, na yamkini kwa wageni wale wale waliorudi mikono mitupu. Huenda Daud alikuta hazina tupu. Katika miaka ya 1960 Neville Chittick alifukua Husuni Kubwa, jumba la al-Hasan juu ya jabali la Kilwa, lenye vyumba zaidi ya mia na birika la pembe nane, na humo likapatikana jiwe lenye jina la sultani huyo na sifa ya al-Malik al-Mansur. Jumba hilo halikumalizika. Ibn Battuta hakulitaja hata kwa neno moja, naye ndiye aliyeandika kwamba nyumba za Kilwa ni za miti.

Sarafu nazo zina ushahidi wake. Sultani alipiga za shaba nyingi na za dhahabu chache, na maandishi ya upande mmoja na wa pili yalilingana kwa vina, jina la mfalme likifuatana na sifa ya Mola wake. Mwaka 1971 sarafu moja ya shaba yenye jina lake ilipatikana Great Zimbabwe, karibu na nchi iliyotoa dhahabu iliyokuwa ikipita Sofala kwenda Kilwa. Basi mfalme hakuishi kwa nyara peke yake. Biashara ndiyo iliyokuwa mshipa wa mji. Katika sira, hata hivyo, vita vya jihadi vina heshima kuliko ushuru wa forodha.

Kilwa yenyewe ilikuwa na mwandishi wake. Kitabu chaitwa al-Sulwa fi Akhbar Kilwa, na mtungaji hakulitaja jina lake. Amesema tu kwamba alizaliwa mwaka 904 wa Hijra, yaani 1499, na kwamba aliagizwa na sultani. Nakala iliyobaki ilinakiliwa Unguja mwaka 1877, ikapelekwa Uingereza, ikapigwa chapa mwaka 1895. Asimulia jinsi mfalme wa Shiraz alivyoota panya mwenye pua ya chuma akitoboa ukuta wa mji, akahama na wanawe katika majahazi saba. Na jinsi kisiwa cha Kilwa kilivyonunuliwa kwa nguo za kukizunguka. Mreno João de Barros naye alipata tarehe ya Kilwa akaitia katika kitabu chake cha mwaka 1552, na humo mwanzilishi, Ali, ni mtoto wa mama Mhabeshi mtumwa, aliyedharauliwa na ndugu zake akaondoka. Katika kitabu kilichoagizwa na sultani mama huyo hayumo.

Lakini kalamu ya diwani huteleza. Kitabu hicho hicho chataja kwamba wale wageni walipofika walimkuta kisiwani Mwislamu na watu wake, na msikiti wao. Mfukuzi Mark Horton alipochimba Shanga, kisiwani Pate, katika miaka ya 1980, alikuta misingi ya misikiti ya tangu karne ya 8. Na mwaka 2023 waliochunguza mifupa ya makaburi ya kale ya pwani walieleza kwamba akina mama wengi walikuwa wa Afrika, na akina baba wengi walikuwa wageni, Waajemi zaidi, tangu karibu na mwaka 1000. Kwa hiyo Shiraz si uzushi mtupu, wala si khabari yote.

Yako makemeo katika hadithi aliyoipokea Muslim juu ya wenye kuwasifu watu mbele ya nyuso zao, na maulamaa walioandika sira wakiijua hadithi hiyo walijitetea kwamba mfalme asomewapo uadilifu huona haya kudhulumu. Pengine ni kweli. Mtungaji wa Kilwa alipofika katika zama zake mwenyewe hakuwa mpole tena: Wareno walioingia Kilwa mwaka 1505, na Amiri Ibrahim aliyetawala bila kuwa wa nasaba ya masultani, wamepata sehemu yao ya lawama. Aliahidi milango kumi katika dibaji yake. Nakala iliyofika mikononi mwa watu ina saba.