SOMO LA KIPA: Diarra alivyonifundisha kulinda mtaji

Somo la leo lina mpira ndani yake. Wana Simba msinikimbie, na wewe usiyefuatilia mpira nivumilie kidogo, maana mwisho wa maneno yote haya ni hela yako.

Wanaonifahamu wanajua nauza vifaa vya simu hapa Tunduma. Kava, chaji, spika, simu za bei ya chini, na zaidi ya vyote protekta za kioo. Fremu yangu ni ndogo, wateja wengi nawapata WhatsApp: Vwawa, Mlowo, Mbeya, na wengine ng'ambo ya mpaka, Nakonde. Sasa Yanga wana kipa kutoka Mali, Djigui Diarra, ambaye mashabiki wamempa jina la utani "Screen Protector". Nilipolisikia mara ya kwanza nilicheka sana. Nikasema huyu ni wa kwetu, tunafanya biashara moja.

Nilikuwa sijaelewa bado. Nilikuja kuelewa usiku wa tarehe 3 Februari 2024, na iligharimu.

USIKU WENYEWE

Ilikuwa Jumamosi, robo fainali ya AFCON, Mali na wenyeji Ivory Coast, mjini Bouaké. Nilikuwa fremu ya jirani yenye runinga, namwangalia Diarra wetu. Ivory Coast walibaki watu 10 tangu kipindi cha kwanza. Dakika ya 71 Mali wakapata bao. Kila mtu pale akajua imeisha.

Dakika ya 90 Ivory Coast wakasawazisha. Tukaingia muda wa nyongeza.

Hapo ndipo mteja akapiga simu. Alishaulizia bei mchana: simu mbili na spika moja, jumla 385,000. "Dada yangu, niko Mpemba na gari, tunaondoka sasa hivi. Nimeshatuma hela, angalia meseji. Nimekuja na boda, yuko nje hapo anasubiri mzigo." Kweli meseji ilikuwa imeingia. Umepokea shilingi 385,000. Jicho moja kwenye simu, jicho jingine kwenye runinga. Nikafungua fremu haraka, nikampa boda mzigo, nikarudi kwenye mpira.

Dakika za mwisho kabisa za nyongeza Ivory Coast wakafunga la pili. Mali wakatolewa 2-1. Watu wakatawanyika wamenyamaza. Mimi nikafungua menyu ya simu niangalie salio, maana Jumatatu nilikuwa na marejesho ya kikoba.

Salio lilikuwa lile lile la asubuhi.

Nikaisoma meseji upya. Ilitoka namba ya kawaida ya mtu. Salio lililoandikwa humo halikukaribiana na hela niliyokuwa nayo. Kila kitu kilikuwa wazi, ila sikutazama. Nilipiga ile namba, haikupatikana. Nilitoa taarifa polisi. Hela haikurudi.

HESABU ILIYONIUMIZA

Ule mzigo niliununua 340,000. Faida niliyoitarajia ilikuwa 45,000. Protekta moja nanunua 1,500, nauza 3,000, nabaki na 1,500. Nikakaa na kikokotoo. Ili kurudisha 340,000 inabidi niuze protekta 227. Mia mbili ishirini na saba! Kuposti, kubembeleza, kubandika, kufuta vumbi, mara 227, halafu nitakuwa nimerudi tu pale nilipokuwa.

Ndipo nikaelewa kazi ya kipa. Mshambuliaji akifunga tunamwimba, lakini bao moja linaloingia nyuma linafuta bao moja la mbele. Kwenye biashara zetu ni kubaya zaidi, maana hasara moja inafuta mauzo ya miezi. Sisi wauzaji wa mtandaoni tumefundishwa kushambulia tu: posti sana, tafuta wateja, punguza bei. Nani yuko golini?

Basi nikaanza kumfuatilia huyu kipa kwa jicho la biashara. Haya ndiyo niliyoyachukua.

1. USIPOUZA LEO, ANGALAU USIPOTEZE

Kabla ya kuja Yanga, Diarra alikuwa Stade Malien ya Bamako. Mwaka 2015 alikuwemo kwenye timu ya vijana ya Mali iliyoshika nafasi ya tatu Kombe la Dunia la chini ya miaka 20, New Zealand. Mwanzoni mwa 2021 akaenda CHAN kule Cameroon, ile michuano ya wachezaji wa ligi za nyumbani. Mali walifika fainali, wakafungwa na Morocco 2-0. Lakini tazama walivyofika huko. Robo fainali na Congo Brazzaville ilikuwa 0-0, wakapita kwa penalti. Nusu fainali na Guinea 0-0 tena, wakapita kwa penalti tena. Hawakufunga bao hata moja katika mechi hizo mbili, ila hawakufungwa, na wakasonga mbele.

Kuna siku hapa Tunduma hata kava moja haitoki. Mvua, au foleni ya malori imekaba kila mahali. Siku ya namna hiyo tamaa inaingia: mtu anataka kwa mkopo unampa, mtu anataka bei ya chini ya mtaji unamuuzia ili "mzunguko usikatike". Acha. Funga siku kwa 0-0. Mtaji ukilala salama, kesho unacheza tena.

2. MESEJI SIYO HELA

Hii ndiyo iliyonifunga, kwa hiyo nitaieleza polepole.

Mteja akisema ametuma, usisome meseji halafu ukatoa mzigo. Fungua menyu mwenyewe, weka namba yako ya siri, angalia salio. Skrinishoti ya mteja usiihesabu kabisa, inatengenezwa kwa dakika mbili. Kama meseji imeingia, angalia imetoka wapi: jina la huduma yenyewe au namba ya mtu? Kisha jumlisha: salio la zamani ongeza kilichoingia, je, linalingana na salio jipya lililoandikwa? Mimi ningefanya jambo hilo moja tu ningejua.

Mwingine atakupigia, "Nimekosea, hela imeingia kwako, nirudishie kwenye namba hii." Usimrudishie wewe. Mwambie apige huduma kwa wateja ya mtandao wake, wao wana utaratibu wa kurudisha muamala. Na ile meseji ya utapeli usiifute: itume kwenda 15040, kisha andika namba iliyoituma. Inasaidia na wenzako.

3. DAKIKA YA 90 NDIYO WANAYOIVIZIA

Mali usiku ule walicheza vizuri karibu mchezo mzima. Mabao yote mawili waliyofungwa yalikuja mwishoni, watu wamechoka na akili zimeshahamia kwenye ushindi. Mimi pia nilifanya biashara safi kutwa nzima, nikafungwa saa nne usiku.

Tapeli hakufuati asubuhi ukiwa umekaa na daftari lako. Anakuja ukiwa na wateja watatu, ukiwa unafunga, unanyonyesha, au uko kwenye mpira. Na siku zote ana haraka: gari linaondoka, mama yuko hospitali, boda anasubiri. Haraka yake ndiyo silaha yake.

Nimejiwekea sheria: baada ya saa mbili usiku mzigo hautoki, hata kama hela imeingia kweli. Naandika, "Asante, malipo nimeyaona, mzigo unatoka kesho saa mbili asubuhi." Mteja wa kweli anaelewa. Asiyeelewa, mwache aende.

4. UKIFUNGWA, KAA GOLINI

Watani zangu wa Msimbazi, hapa mtafurahi. Tarehe 16 Aprili 2023 Simba waliifunga Yanga 2-0. Bao la kwanza la Inonga liliingia mapema hata watu hawajakaa vizuri, la pili Kibu Denis akalipiga kutoka mbali. Kipa aliyefungwa ni huyu huyu Diarra. Fikiria maneno aliyoyasikia wiki ile.

Wiki moja baadaye Yanga walikuwa Nigeria kwa robo fainali ya Kombe la Shirikisho. Wakaifunga Rivers United 2-0. Waliporudiana Dar es Salaam ikaisha 0-0. Mechi mbili bila kuruhusu bao, mara tu baada ya aibu.

Mimi baada ya kutapeliwa niliacha kuposti siku tisa. Niliona aibu hata kwa majirani. Wateja wakaanza kuuliza wengine. Zile siku tisa hakuniibia tapeli, nilijiibia mwenyewe. Jumatatu nilienda kikoba nikasema ukweli: nimeibiwa, naomba nilipe kwa awamu tatu. Mwenyekiti wetu, mama mmoja mtulivu, akasema, "Mwanangu, afadhali umesema. Anayejificha ndiye tunayemwogopa." Wakakubali. Kama una deni na umeyumba, usizime simu. Nenda useme.

5. KIPA HADAKI PEKE YAKE

Mbele ya Diarra kulikuwa na watu kama Dickson Job, Bakari Mwamnyeto na Ibrahim Bacca. Mipira mingi wanaizima wao kabla haijamfikia. Kwako mabeki ni nani? Ni boda unayemfahamu jina na kijiwe chake, sio yule aliyeletwa na mteja. Ni kijana wako wa dukani ambaye umemfundisha kukagua salio. Ni karatasi ya basi unapotuma mzigo Mbeya au Sumbawanga, picha ya mzigo kabla ya kuufunga, na namba ya IMEI ya kila simu kwenye daftari. Kwa sisi wa mpakani ongeza na hili: mteja wa kwacha mpe bei ya siku hiyo hiyo, mwambie mwisho wake ni leo. Ukimpa bei ya Jumatatu akalipa Ijumaa, unaweza kufungwa bila hata kutapeliwa.

6. LAKINI KUDAKA PEKE YAKE HAKULETI KOMBE

Hapa lazima niwe mkweli, maana kuna watakaotoka na somo hili wakiwa waoga. Mwaka 2024 Yanga walikutana na Mamelodi Sundowns robo fainali ya Ligi ya Mabingwa. Dar 0-0, Pretoria 0-0. Wakatolewa kwa penalti. Mlango ulifungwa vizuri, ila bao halikupatikana. Na mwaka mmoja nyuma, fainali ya Shirikisho na USM Alger, walifungwa 2-1 nyumbani, wakaenda kushinda 1-0 Algeria, na bado wakakosa kombe kwa sababu ya mabao ya ugenini.

Kwa hiyo usigeuke muuzaji anayemshuku kila mteja. Diarra mwenyewe anasifika kwa miguu yake: akishadaka, pasi yake ndiyo mwanzo wa shambulizi. Na wewe kagua haraka, halafu hapo hapo mjibu mteja vizuri, "Malipo nimeyaona kaka, ahsante, mzigo wako huu hapa nauandaa." Ukaguzi wako ukiwa wa dakika moja na lugha nzuri, mteja anakuona makini, haoni kama umemtukana.

Na usitafute sifa. Msimu wa 2023/24 tuzo ya kipa bora wa ligi alichukua Ley Matampi wa Coastal Union, uliofuata akachukua Moussa Camara wa Simba. Misimu yote miwili ubingwa ulienda Yanga, wakatimiza minne mfululizo tangu Diarra aliposajiliwa Agosti 2021. Wapo wanaokuzidi likes na wafuasi. Wewe angalia mwisho wa mwezi umebaki na nini.

KAZI YA LEO

Kabla hujalala chukua daftari, jibu haya matatu:

• Mzigo wako wa bei kubwa kuliko yote umeununua kiasi gani? Gawanya kwa faida ya kitu unachouza kila siku. Iandike hiyo namba ukutani. Yangu ni 227, bado iko pale.
• Nani mwingine anaruhusiwa kutoa mzigo, na je, anajua kukagua salio?
• Saa yako ya mwisho ya kutoa mzigo ni saa ngapi?

Mimi ile hasara ilinichukua mpaka mwezi wa saba kuifidia, protekta moja moja. Na kila ninapobandika, mteja akilalamika kwamba shilingi elfu tatu ni nyingi, namwambia kitu kimoja tu: hii inapasuka ili kioo chako kisipasuke.

Linda goli lako. Tuonane kesho.